Namba ya Friji ya Rebeccah

Rebeccah Chelimo hajui kukaa. Tangu afungue kibanda chake cha maziwa hapa Kapsoit, mkabala na duka langu la mbolea, sijamwona akimaliza kikombe cha chai akiwa ameketi. Lakini wiki ile alizidi. Alipanga chupa za mursik, maziwa yetu ya mgando, akazipangua, akafagia alipokwisha kufagia, akatoka barabarani kuchungulia upande wa Kericho kana kwamba kuchungulia kungemleta mgeni wake haraka.

Mgeni mwenyewe ni Mosoti, afisa wa mradi unaowalipia wafanyabiashara nusu ya bei ya friji mpya, zile zisizokula stima nyingi. Sharti lao ni utoe friji yako ya zamani, ikiwa bado inafanya kazi, wakaivunje. Siku ya mwisho ilikuwa Ijumaa. Tokeni za stima zilikuwa zinammaliza Rebeccah, na bila punguzo lile asingepata friji mpya hata kwa kuuza ng'ombe wake wa pekee.

Sasa, huku kwetu mgeni hapokelewi kwenye uchafu. Alhamisi Rebeccah alichukua waya wa kusugulia sufuria, akaisugua friji nje ndani, mbele nyuma, mpaka ikang'aa. Akasugua na kibandiko cha mgongoni chenye namba ya mashine. Ijumaa asubuhi Mosoti alifika, akazunguka nyuma, akainama, akainuka.

"Mama, namba iko wapi?"

"Namba gani? Si nimekuoshea vizuri?"

"Bila namba siwezi andika kitu. Kama uko na risiti ya kununua, niletee kabla ya saa kumi."

Risiti hakuwa nayo. Aliyebaki na nakala ni Waceke, aliyemuuzia. Hapo Rebeccah akanitazama, nami nikatazama magunia yangu.

Waceke, au Mama Wachira tunavyomwita, alikuwa na duka la friji na majiko pale kwenye kona. Tokeni zilipoanza kuisha ovyo, Rebeccah alitangazia soko zima kwamba Mama Wachira alimuuzia takataka iliyopakwa rangi. Ulikuwa uongo. Kila siku nilimwona akitoa maziwa jikoni yakifuka mvuke na kuyatia kwenye friji yakiwa moto vilevile. Mashine ingekosaje kuhangaika? Nilijua na nikanyamaza. Tena nilicheka pamoja na wengine, na hilo linanikera mpaka leo. Wateja wakamkimbia Waceke, na mwaka jana akafunga. Siku hizi anauza vitunguu chini ya mwavuli.

Mara tatu Rebeccah alianza safari ya kwenda kwake, na mara tatu akarudia njiani. Saa tisa ndipo alipofika. Sikusikia walichosemezana, ila niliona Waceke akifunika vitunguu kwa gunia na kwenda nyumbani. Alirudi na kitabu chake cha risiti. Hakumpa Rebeccah. Alikuja moja kwa moja mpaka kwa Mosoti, aliyekuwa akingoja kibandani, akasimama amekikumbatia kifuani.

"Namba iko hapa," akasema. "Lakini muulize maswali yako kwanza."

Mosoti akasoma fomu. "Hii friji inafanya kazi?"

"Inafanya," Rebeccah akajibu chini chini.

"Tangu ununue, imewahi haribika?"

Wateja waliokuwa wakinywa maziwa wakageuza shingo. Rebeccah akashika kitambaa, akapangusa friji iliyokuwa safi, akakiweka, akakishika tena.

"Haijawahi," akasema, safari hii kwa sauti. "Hata siku moja. Ni mimi nilikuwa natia maziwa ya moto."

Waceke akafungua kitabu, akangoja mpaka namba ikaandikwa yote. Kisha akamgeukia Rebeccah.

"Ungesema hivyo wakati ule, Mama Chepchumba, saa hii hiyo friji mpya ungenunua kwangu."

Akarudi kwa vitunguu vyake.

Friji mpya ililetwa Jumanne. Haina kelele kabisa, na tokeni zinakaa. Rebeccah siku hizi huacha maziwa yapoe kwanza, na akingoja husimama mlangoni akilitazama lile duka la kona lenye kufuli. Nimejaribu kumwambia aketi. Nami mwenyewe nasema hivyo nikiwa nimesimama.