Nafasi ya Mshono Ndani ya Mabano

Fundi cherehani wa nyumba ya kona alikuwa na ugonjwa mmoja: kuongeza. Kila alichopima, alikiongezea kidogo kwa ajili ya mshono. Mama yake ndiye aliyemfunza hivyo, enzi nguo ilipotarajiwa kufumuliwa na kupanuliwa mwenyewe akinenepa, si hizi za leo zinazokata roho kwenye ndoo ya kwanza ya kufulia.

Hizo za leo ndizo zilizomnyang’anya wateja. Chuo cha ufundi kilikuwa tayari kumwajiri afundishe ushonaji, mradi afaulu mtihani wa hesabu alioukimbia usichanani. Mtihani ulikuwa Jumatatu. Jumamosi wifi yake, mwalimu wa hesabu, akaja kumnoa kwenye meza ya kukatia vitambaa.

Akamwandikia: x² + 7x + 12.

“Irudishe kwenye mabano mawili, wifi. Namba mbili, ukizizidisha kumi na mbili, ukizijumlisha saba.”

“Tatu na nne,” fundi akajibu upesi, akaandika (x + 4)(x + 5).

“Si umesema tatu na nne?”

Fundi akaitazama chaki yake. “Nimeacha nafasi ya mshono.”

Wifi akacheka mpaka akashika mbavu. “Kaka yangu kaoa mtu! Eksi havai gauni, we mama!”

“Na kitambi cha kaka yako kingeingia wapi bila nafasi hiyo?”

Wakajaribu nyingine, na nyingine. Mkono ukaongeza vilevile. Wifi akaacha kucheka.

“Ukifanya hivi Jumatatu, kazi huna. Kwani gauni unajuaje kama limekaa?”

“Nalishikiza kwanza kwa uzi mwepesi, mteja analijaribu, ndipo napiga cherehani.”

“Basi shikiza!” Wifi akampa penseli. “Zidisha mabano yako uone yanazaa nini.”

Fundi akazidisha. Ikatoka x² + 9x + 20.

“Lo! Linapwaya kiunoni na mabegani.” Akafuta, akaweka tatu na nne, akazidisha tena. Likakaa.

Jumatatu msimamizi wa mtihani nusura ampokonye fundi karatasi. Wenzake walikwisha kwenda zao, yeye bado anashikiza. Alifaulu kwa tundu la sindano.

Siku hizi chuoni wanafunzi wake hukanyaga mashine kabla hata kitambaa hakijatulia, mshono ukapinda.

“Mwalimu, kushikiza kunachelewesha!”

“Kunachelewesha kweli,” hukubali, huku akiwapa wembe. “Haya, fumueni.”