Mlingoti Ughaibuni

Mama yake alikuwa fundi cherehani, na tangu binti akiwa darasa la tano alimshonea sare zenye pindo la vidole vinne, ili kila muhula alifumue kidogo. Kufika darasa la saba pindo likaisha, binti hakuisha. Mtaani wakambandika jina la Mlingoti. Hakuudhika. Alisema afadhali mlingoti, hupandishwa bendera, kuliko jirani yake waliyemwita Kisoda.

Alipomaliza shule akapata kazi kwenye ghala la dawa. Wenzake walipanda ngazi. Yeye alinyoosha mkono tu. Siku moja akaja mwanamke mwenye filimbi shingoni kununua bandeji na dawa ya kuchua. Alikuwa kocha wa timu ya wanawake ya mpira wa kikapu. Alipomwona Mlingoti akishusha katoni kutoka rafu ya juu kabisa huku akipiga soga na karani, alisahau hata chenji yake. Jumamosi hiyohiyo Mlingoti alikuwa uwanjani, ana miaka kumi na tisa, hajui sheria hata moja. Akapewa mpira, akaubana kwapani, akatimua mbio kama aliyeiba kuku. Wote wakacheka, na yeye akawashinda kwa kucheka.

Miaka minne baadaye hakuna aliyecheka tena. Klabu moja ya ng'ambo ikaona video zake, ikamtumia mkataba. Mama yake akausikiliza ukisomwa mpaka mwisho.

"Watakulipa wewe kwa kurusha mpira?"

"Ndiyo, mama."

"Na ukikosa?"

"Watanilipa vilevile."

Mama akaweka mkasi chini. "Basi nenda mwanangu, kabla hawajajirudi."

Huko alipangiwa chumba juu ya duka la mkate, pamoja na mchezaji mfupi aliyekuwa akiongoza mpira wa timu. Kitanda kilimwishia magotini, hivyo akakiungia kiti na mto. Baridi ilimfanya avae soksi jozi tatu. Lakini kilichomhangaisha zaidi ni lugha. Kocha alikuwa mzee wa masharubu, na hawakuwa na neno hata moja la kuelewana.

Mlingoti, aliyelelewa vizuri, akaona ni aibu kukaa na watu bila kujua kushukuru. Akatega sikio pale dukani. Akasikia wateja wakipokea mkate, wakitabasamu na kusema neno moja fupi. Akalishika. Mazoezi ya kwanza yalipoisha, wenzake wamelala chini kama nguo zilizoanuliwa, yeye akamwendea kocha, akainama kidogo, akalisema neno lake.

Kocha macho yakamtoka. Akapuliza filimbi, akamkimbiza upya, kutoka ukuta hadi ukuta, mara ishirini.

Akaona mzee huyu ni mkali, ila adabu haina gharama. Akashukuru tena. Akakimbizwa tena. Ikawa hivyo miezi miwili, na siku nyingine kocha aliwasimamisha wachezaji wote wajiunge naye. Mwishowe yule mwenzake wa chumbani, ambaye kufikia hapo walielewana naye kwa ishara na maneno ya kuokoteza, akamkalisha kwenye benchi la kubadilishia nguo akamuuliza kwa nini kila siku anaomba "tena". Kumbe wale wateja walikuwa wakiomba mkate wa pili.

Mlingoti alicheka mpaka akateleza kutoka kwenye benchi. Alipopata pumzi akauliza kama akamwambie kocha ukweli.

"Usithubutu," mwenzake akasema. "Tunashinda sasa. Hakuna timu yenye pumzi kama yetu."

Ilikuwa kweli. Kocha alikuwa amekwisha kumweka kwenye watano wa kwanza, na aliwaambia waandishi wa habari kwamba maishani mwake hajaona mtu mwenye njaa ya kazi namna ile.

Wakafika fainali. Klabu ikamsafirisha mama yake, akaketishwa safu ya mbele, mkoba mapajani. Zikiwa zimebaki sekunde nne, wako nyuma kwa pointi moja, Mlingoti akaruka chini ya kikapu, akasukumwa, akala mweleka. Refa akapuliza filimbi: mitupo huru miwili. Lakini mama hakujua habari za mitupo. Alichojua ni kwamba mwanawe yuko chini.

Akaingia uwanjani. Walinzi walitazamana, hakuna aliyejua mama wa mtu anazuiwaje. Akamwinua binti yake, akamkung'uta magoti, akaona uzi umening'inia kwenye fulana, akaukata kwa meno mbele ya watu elfu nne. Kisha akamgeukia refa.

"Haya baba, endeleeni."

Refa hakuelewa neno, lakini aliinamisha kichwa. Ukumbi mzima ukasimama kumpigia makofi mama akirudi kitini. Mlingoti akabaki mstarini, kicheko kimembana hadi machozi. Akayafuta kwa fulana, akapokea mpira. Akatupa wa kwanza, ukaingia. Akatupa wa pili akiwa bado anacheka, nao ukaingia. Kengele ikalia, na kocha wa masharubu akaonekana akimkumbatia mama.

Alicheza miaka kumi na mmoja, nchi tatu, klabu nne, hadi goti likakataa. Akarudi nyumbani na leseni ya ukocha, na lugha mbili anazozungumza vizuri kabisa. Leo anafundisha wasichana arobaini, na mwaka jana aliolewa na daktari wa meno anayemfikia begani. Mpiga picha alihangaika nusu saa: akipata uso wa bibi harusi, bwana harusi anabaki nywele. Bwana harusi akatatua tatizo mwenyewe. Aliomba kreti la soda, akapanda juu, akamshika mkewe kiuno, na ndiyo picha iliyotundikwa sebuleni, kreti na vyote.