Nilimwambia Dada Nimeweka Betri Mpya

Mimi ni mwongo. Naanza na hilo ili usije ukanihurumia kabla hujajua. Mama yangu amezikwa, watu wamenisifu mbele ya jeneza lake, na zile sifa nilizimeza kimya kama mwizi anayekula nyama ya ng'ombe wa jirani.

Niliishia darasa la saba, kwa hiyo utanivumilia nikieleza vibaya. Lakini nitaeleza yote, sitaacha kitu.

Tunaishi Tlawi, huku juu Mbulu kwenye baridi. Mimi ni mtoto wa mwisho, na kwetu Wairaqw mtoto wa mwisho wa kiume ndiye anayebaki na wazazi. Baba alifariki zamani. Tukabaki mama, mimi, mke wangu, ng'ombe na mahindi. Dada yangu mkubwa yuko Arusha. Ana roho nzuri, ila ana amri kama mwalimu wa zamu.

Mama alianza kusahau. Kwanza majina, baadaye akawa anatoka. Asubuhi na mapema unamkuta njiani na fimbo, peku, anasema anawafuata ndama. Ndama gani! Wale ndama waliuzwa mimi sijaoa bado.

Ndipo dada akaja na fundi kutoka Katesh, mtu mzima, mpole, anayefunga umeme wa jua na vifaa vya ulinzi kwenye maduka. Alifunga kidude cheupe, kikubwa kama kipande cha sabuni, juu ukutani katika nyumba ya mama, kikitazama mlango. Mtu akipita mbele yake, king'ora kilichofungwa upande wa zizi kinapiga kelele hadi bondeni. Mafundi wanakiita sensa. Sisi tulikiita jicho.

"Hiki wenzenu wanakamatia wezi," fundi alituambia. "Lakini mwizi anaingia na mama anatoka, na mlango ni uleule."

Tulicheka. Mama hakucheka.

"Linaniona kila siku," alisema, "halijawahi kuniamkia hata mara moja. Hilo halikulelewa."

"Mama, ni mashine."

"Hata mashine ina kwao!"

Mimi na mke wangu tulilala nyumba ya pembeni, uwanja huohuo. Jioni niliwasha jicho, asubuhi baada ya kumpelekea mama uji nililizima. Na lilifanya kazi, nisilisingizie. Mara nyingi nilikuwa zizini nakamua, king'ora kikalia, nikaacha ndoo na kukimbia, nikamkuta mama mlangoni na fimbo yake.

"Unakwenda wapi, mama?"

"Kuita watu. Husikii nyumba inapiga yowe?"

Lile jicho lilikula betri tatu ndogo. Fundi alinielekeza kwa utaratibu: taa nyekundu ikianza kukonyeza, na king'ora kikianza kulia kidogokidogo kama kifaranga, nitoe betri zote na kuweka mpya zote. Nisichanganye. Kisha nipite mbele yake nihakikishe kinalia. Akanitazama akatabasamu.

"Na usije ukazianika juu ya bati. Nawajua watu wa redio."

Kama unatoka vijijini unajua alichosema. Betri ya redio au ya tochi ikichoka, huku kwetu hatuitupi. Unaianika juani, juu ya bati, na ikipata joto inaimba tena siku moja au mbili. Baba alifanya hivyo. Nami nimefanya hivyo tangu nikiwa mdogo.

Dada aliacha pakiti za betri mpya kabatini. Akasema, "Hizi ni za mama. Zisiguswe."

Siku taa nyekundu ilipokonyeza, nilikwenda kabatini, nikazitoa, nikawa nazo mkononi. Jioni ya jana yake redio yangu ilikuwa imekata kauli katikati ya mpira, nami nilikuwa na wiki nzima ya kuvuna maharage peke yangu shambani. Nikaitazama redio. Nikalitazama jicho. Nikajiambia, hili jicho haliongei, haliimbi, linakaa tu ukutani. Betri mpya zitakaa humo bure.

Ole wangu! Nikaziweka kwenye redio.

Zile za jicho nikazitoa na kuzianika juu ya bati tangu asubuhi. Saa nane mchana nikazirudisha zikiwa bado za moto. Nikapita mbele ya jicho. King'ora kikalia mpaka mbwa wa jirani wakabweka. Nikajiona mjanja kuliko fundi.

Dada akapiga simu jioni ile. "Umebadilisha betri za jicho?"

"Nimebadilisha, dada."

"Umeweka mpya?"

"Mpya kabisa."

Neno "kabisa" ndilo linaloniuma zaidi. Nani aliniuliza kuhusu kabisa?

Baada ya hapo nikawa mtu wa kuanika. Kila baada ya siku chache kifaranga kinalia, nazianika, kinanyamaza. Mke wangu aliwahi kusema, "Mume wangu, si kuna mpya kabatini?" Nikamwambia hizo ni za dharura. Hakujua kwamba pakiti moja imeshaingia kwenye redio, na nyingine inasubiri zamu.

Ikafika mwezi wa saba. Mwezi wa saba huku kwetu si mchezo, ukungu unalala juu ya mashamba mpaka saa nne, na vidole vinakufa ganzi kwenye chuchu za ng'ombe. Mke wangu alikuwa amekwenda Maretadu, mdogo wake alijifungua. Tukawa wawili, mimi na mama.

Jioni moja king'ora kikaanza kulia kama kifaranga. Jua lilikuwa limeshazama. Nikasema, kesho nitazianika. Kabla hatujamaliza kula ugali, kikanyamaza chenyewe.

Nikasema afadhali, limetulia.

Halikutulia, ndugu yangu. Lilikuwa limekufa. Nilikisikia kifo chake nikadhani ni nafuu!

Alfajiri nikaenda kukamua. Redio niliitundika kwenye msumari wa zizi, inaimba kwaya, sauti safi, haikwaruzi hata kidogo. Iliimba kwa betri za mama. Na mama, hatua chache kutoka pale, akafungua mlango wake akapita mbele ya jicho lisiloona, akaingia kwenye ukungu.

Nilipompelekea uji nilikuta mlango wazi na kitanda kimepoa.

Nilipiga yowe. Majirani walitoka, wanaume kwa wanawake, tukatawanyika. Mbele hatuoni, tunaitana kwa miluzi. Ilipofika kama saa nne ukungu ukaanza kuinuka, na mwanamke mmoja jirani akamwona mama bondeni, karibu na kijito. Amekaa kwenye majani yenye maji, peku, shuka limelowa limemganda mwilini. Midomo imekuwa ya rangi ya majivu.

Nilipiga magoti nikamkumbatia. Akaniangalia, akaniuliza kwa Kiiraqw, polepole, "Ndama wameingia wote?"

Nikamjibu, "Wote wameingia, mama."

Tulimbeba kwa zamu hadi barabarani. Zahanati wakatuambia twende hospitali. Hospitali wakasema ni mapafu. Dada akafika kutoka Arusha, hakusalimia mtu, akanishika mkono akanivuta pembeni.

"Jicho halikulia?"

"Halikulia."

"Na betri ni mpya?"

Hapa nilipewa nafasi. Mungu aliniwekea nafasi mkononi kama mtu anavyokupa kikombe cha maji. Mama bado alikuwa hai, mle ndani tunasikia anavyokohoa. Dada angenitukana, labda angenipiga kofi, na yangeishia pale.

Nikasema, "Ni mpya."

Sasa sikiliza nilichofanya, maana hiki hakuna anayekijua hapa kijijini. Dada alinituma nyumbani kuchukua nguo za mama. Kabla ya nguo, nilifungua redio, maana kabatini zilikuwa zimekwisha, nikatoa betri, nikaziweka kwenye jicho. Zile za kuanika nikazitupa kwenye shimo la choo. Ndipo nikachukua nguo.

Mama alikaa hospitali siku tisa. Siku ya tisa akatuacha.

Katika ukoo wetu, kabla udongo haujarudishwa, mzee wa ukoo husimama kwenye ukingo wa kaburi na kuuliza: kama kuna mtu ana neno na huyu tunayemlaza, aliseme sasa. Aliuliza. Akatuzungusha macho wote, akafika kwangu, akapita. Nilitazama viatu vyangu. Kisha katekista akasema mbele ya umati, "Vijana, mwangalieni huyu kitinda mimba. Amemtunza mama yake kama yai." Watu wakaitikia. Kina mama wakanililia mimi!

Dada alihitaji mtu wa kumlaumu. Nani asingehitaji? Akamlaumu fundi. Alirekodi sauti akaiweka kwenye kundi la ukoo la WhatsApp, akilia, akisema kifaa cha yule mtu ni kibovu, amemuua mama yetu, msimpe kazi. Ile sauti ikarushwa huku na huku hadi Katesh. Wenye maduka wakaanza kubandua vifaa vyake. Mimi nilikuwemo kwenye lile kundi. Niliisikiliza ile sauti, nikaweka alama ya mikono inayosali.

Wiki chache baadaye nikasikia pikipiki uwanjani. Ni yule fundi, amejaa vumbi, amekonda.

"Shikamoo, kaka."

"Marahaba. Poleni sana na msiba. Nisingekuja bila kuitwa, lakini silali. Naomba nilione jicho."

Nikamfungulia. Akapita mbele yake, king'ora kikalia. Akarudi nyuma, akapita tena, kikalia. Akapanda kwenye kiti, akalifungua, akatoa betri moja, akaigeuza kwenye mwanga.

"Ni hizihizi zilikuwemo asubuhi ile?"

"Ni hizo."

"Hukuzianika, mdogo wangu?"

"Hapana."

Aliuliza bila ukali. Akaishikilia ile betri muda mrefu. Kisha akairudisha, akashuka, akakaa kwenye ukingo wa kitanda cha mama.

"Basi ni mimi," akasema. "Nililifunga juu mno. Mama alikuwa mfupi, na ule mgongo umeinama. Atakuwa amepita chini ya macho yake. Nilipaswa kumpima mama, nikapima ukuta."

Sikumwambia kwamba jicho lilikuwa limemwona mama mara nyingi. Akaniomba nimpeleke kaburini. Nikampeleka. Jamani! Yule mtu alivua kofia yake ya pikipiki, akainamisha kichwa, akasema kwa sauti, "Mama, nisamehe. Nilikosea kazi yako." Halafu akanigeukia mimi, machozi yanamtoka, mtu mzima kuliko mimi, akasema, "Na wewe, mdogo wangu, nisamehe."

Unajua nilimjibu nini?

Nilimjibu, "Nimekusamehe, kaka."

Aliondoka. Nilibaki pale mpaka ng'ombe walipoanza kulia njaa. Niliona haya kumtazama hata ng'ombe. Siku tatu chakula hakikushuka. Mke wangu alidhani ni msiba umenirudia. Siku ya nne nikapanda kilimani penye mtandao, nikampigia dada.

"Dada, betri hazikuwa mpya."

"Betri gani?"

Nikamweleza yote kama ninavyokueleza wewe, pamoja na shimo la choo, pamoja na kaburini. Hakunikatiza.

Kisha akauliza kitu kimoja tu. "Asubuhi ile, redio ilikuwa inaimba wimbo gani?"

Nikasema sikumbuki.

"Hukumbuki," akasema. Akakata.

Siku hiyohiyo aliingia kwenye kundi la ukoo, akasema fundi hana kosa, ni yeye dada aliyesema jambo asilolijua, na anamwomba radhi mbele ya watu wote. Jina langu hakulitaja. Hajanitaja mpaka leo, wala hapokei simu yangu. Krismasi hakuja.

Nilikwenda Katesh kumtafuta fundi. Kibanda chake alikuwa amekifunga, nikaelekezwa nyumbani. Nilimkuta uani anatengeneza taa za sola za majirani. Habari ya dada ilikuwa imeshamfikia, ila ile sauti ya kwanza ilisambaa kote, na ile ya kuomba radhi haikusambaa. Watu hawarushi habari ya mtu asiye na kosa.

Nilipiga magoti. Alinisikiliza bila kuacha kazi. Nilipomaliza akaweka bisibisi chini.

"Ya betri nakusamehe," akasema. "Hata mimi nyumbani naanika. Ya dada yako nakusamehe pia, uliogopa. Lakini ile ya kaburini, uliposema umenisamehe." Akatikisa kichwa. "Ile sijui niiweke wapi. Nenda, mdogo wangu. Nikipajua pa kuiweka nitakuambia."

Hajaniambia bado. Sijui kama ataniambia. Sina haki ya kumwuliza.

Wewe unayesoma, kama nyumbani kwako kuna mtu analindwa na kitu kidogo ukutani, nenda kakitazame leo, na ukiona kimenyamaza usifurahi. Hilo ni la kwanza, na ni jepesi. La pili ndilo lililonifanya niandike. Ukikosea, sema wakati bado kuna mtu mwenye hasira ya kukugombeza. Mimi nilikwepa hasira ya siku moja. Na kama sasa hivi, hapo ulipo, kuna mtu mwema amebeba kosa ambalo unajua ni lako, mwondolee leo, kabla hajaja mwenyewe kukuomba msamaha. Maana akishakuomba, na wewe ukamjibu nilivyojibu mimi, hutapata mtu wa kukusamehe hilo. Mimi nimemtafuta.