Mama Mkwe na Msukuma wa Sinema

Kwenye filamu zetu za Kibongo, Msukuma ana kazi tatu: mlinzi, mganga, na mshamba anayeshangaa kila kitu. Zote nimezifanya. Wenzangu wanapewa suti na mchumba. Mimi napewa fimbo na katambuga za matairi.

Siku moja mwongozaji akaniita niwe stelingi, mhusika mkuu mwenyewe. Miaka yote hiyo nilikuwa naisubiri nafasi hiyo! Mshamba yuleyule, ila sasa filamu nzima ni yake. Nikakubali kabla hajamaliza kusema.

Tukaenda kurekodi sokoni Runzewe, ukweni kwangu. Kipande chenyewe kilikuwa hivi: mimi nisikie tangazo la dawa ya panya kwenye spika, nidhani kuna mtu amefungiwa mle, nivue shati nimwokoe. Akina mama wa sokoni wanicheke. Lahaula! Katikati yao, na ungo wa dagaa, amekaa mama mkwe wangu.

Asiyetujua atasema, sasa shida nini? Kwetu Wasukuma mama mkwe hatazamwi usoni. Tukikutana njiani, mmoja anaingia porini. Tangu nioe sijawahi kutafuna hata karanga mbele yake, leo nimwoneshe kitambi?

"Bosi, siwezi. Yule mkwe wangu."

"Usiniletee mambo ya kijijini bwana! Au nimpe mwingine?"

Ebo! Mambo ya kijijini hayatakiwi, na mimi nimeletwa pale kuigiza mwanakijiji. Nilitamani kumtandika na ile katambuga.

Mama mkwe alisikia. Akaweka ungo chini, akageuka, akanipa mgongo. Wenzake wote wakageuka vilevile.

"Fanya kazi yako, baba," akasema. "Hatuangalii."

Nikapona. Nikavua shati, nikagaagaa, nikaikumbatia spika huku nikipiga kile Kiswahili changu cha sinema, cha kukoroma na kuvuta maneno kama trekta bovu, ambacho nyumbani kwetu hakuna mtu amewahi kukiongea. Mpiga picha alicheka mpaka machozi. Nikajisemea, leo nimeua.

Kamera ikazimwa. Wale akina mama hawakugeuka, wala hakuna aliyecheka.

"Amemaliza?" mama mkwe akauliza.

"Amemaliza, mama," mwongozaji akajibu.

"Basi mkimwona mkwe wangu mwambieni apite nyumbani. Huyu aliyekuwa anapiga kelele hapa simjui. Mkwe wangu anaongea vizuri tu."

Aibu niliyoona sijawahi kuiona hata siku ya kukataliwa posa. Mwongozaji hakujali, akaagiza turudie. Nikafungua mdomo, trekta likagoma kuwaka. Maneno yakatoka kwa sauti yangu mwenyewe, ninayoongea na wanangu.

"Kata! Kata! Sasa huyo ni Msukuma gani?"

Kesho yake nafasi akapewa kijana wa Dar. Nasikia anaigiza Msukuma vizuri sana.