Nyongesa Aliyeandika Maneno Yetu

Mimi si mtu wa kuzungukazunguka. Nyongesa alikuwa mtu mzuri na sisi wa Kawangware tulimharibia maisha, mimi Kamene nikiwemo. Anayetaka kukasirika akasirike.

Alikuwa fundi wa viatu kando ya jiko langu la chapati, miaka tisa. Alilelewa na shangazi yake Kibera, kule Olympic, akaacha shule Form Two karo ilipokosekana, lakini mapenzi ya Kiingereza hayakumtoka. Alikuwa na kamusi isiyo na jalada, na daftari. Upande mmoja wa daftari anaandika neno linavyosema kamusi, upande wa pili linavyosema base, yaani pale kwenye mawe vijana wanakokaa wakingoja kazi za mjengo. "Form" kwa kamusi ni umbo, au karatasi ya kujaza. Kwa vijana ni mpango wa siku. "Guest" kwa kamusi ni mgeni. Kwa base yetu peke yake, wala si kwingine, ni polisi asiyevaa yunifomu.

"Sasa hizo takataka unamwandikia nani?" nilikuwa namchokoza.

"Itakuwa kitabu, Kamene. Jina langu juu, kubwa." Alisema bila kucheka, mwanaume mzima wa miaka arobaini, gundi imekauka vidoleni.

Siku moja akaja mwanaume nadhifu kutoka ofisi fulani ya utafiti. Akaomba kutoa kopi ya daftari lote, akaahidi jina la Nyongesa litaandikwa. Nyongesa akampa. Wiki nzima alitembea kama bwana harusi.

Miezi miwili baadaye Kevin akashikwa. Kevin alikuwa wa base, na alikuwa anauza bangi, sitamtetea. Lakini mamake, Kageha, ni rafiki yangu, na alikuwepo polisi wakimhoji. Askari alisoma meseji za Kevin huku akiangalia karatasi iliyochapishwa, neno hapa, maana pale. "Guest" ilikuwa ndani, vilevile Nyongesa alivyoiandika. Kevin akafungwa miaka mitano.

Nyongesa aliapa mpaka jasho likamtoka. "Haki ya Mungu, sikujua wataipeleka huko!" Mimi nilimwamini, na mpaka leo namwamini. Lakini nilinyamaza, kwa sababu Kageha alikuwa amekaa kwenye benchi langu akilia.

Vijana wa base hawakumpiga. Afadhali wangempiga. Kesho yake alipofika na kuwasalimia, "Niaje, wasee," Eugene, mkubwa wa base, akasimama akamwambia, "Habari za asubuhi, Bwana Nyongesa. Natumaini umeamka salama." Wengine wakaitikia hivyohivyo, Kiswahili cha taarifa ya habari, kimepigwa pasi. Nyongesa akacheka. Akadhani ni mchezo. Ikaenda wiki, ikaenda mwezi. Akikaribia, stori inakatika, wanaanza kuulizana hali ya hewa. Mpaka wateja wake wakashika mtindo huo. Mpaka watoto. Na mimi pia, eti "Karibu chapati, ndugu yangu." Wee! Nikikumbuka nasikia aibu mpaka masikioni. Mtu amekaa Nairobi maisha yake yote, halafu mnamfanya mgeni mahali anaposhona viatu.

Alikonda. Daftari aliacha kulifungua. Vijana nao walibadilisha maneno yote, kila wiki jipya, na hakuna aliyemfundisha hata moja.

Ile Alhamisi tulikuwa tunauza kama kawaida. Lori la kubomoa vibanda likatokea upande wa Riruta, na kijana mmoja akapaza sauti, "Londri! Londri!" Hilo ndilo lilikuwa neno jipya la hatari. Watu wakaanza kufunga vitu polepole, bila kelele. Mimi nikamwaga makaa, nikashika karai.

Nyongesa akainua kichwa. Alikuwa na kiatu mapajani. "Kamene, wanasema nini?"

Eugene alikuwa ananiangalia. Kageha pia.

"Hakuna neno, ndugu," nikamwambia. "Endelea na kazi."

Akaendelea. Tulipofika kona nikageuka, nikaona askari wa jiji walioshuka kwenye lori wameshamfikia. Alijaribu kushika cherehani yake isitupwe kwenye lori. Walimpiga mkono wa kulia kwa rungu mpaka akaiachia.

Nilienda kumwona wodini na uji kwenye thermos. Mkono ulikuwa umefungwa mpaka kiwiko, na daktari alikuwa amemwambia vidole viwili havitakunjika tena. Nilikuwa nimepanga maneno mengi. Alisubiri tu mpaka nikakaa.

"Londri," akasema. "Ulikuwa unajua maana yake?"

"Nilijua."

Akageuka akaangalia ukuta. Nikakaa na ule uji mpaka muuguzi akaniambia saa ya kuona wagonjwa imeisha.