Damu Nzima

Kaka yangu mkubwa alikuwa akifuga kuchi. Kwa asiyewajua, kuchi ni kuku warefu. Jogoo wake akisimama kando ya meza ya chakula, kichwa kinachungulia sahani. Shingo ndefu, miguu minene, upanga mdogo kichwani, mkia haba. Kaka alianza ujanani na jogoo mmoja na mitetea, hapo hapo nyumbani kwetu Mkokotoni, na tangu hapo kazi yake ilikuwa moja isiyokwisha: kuchagua. Vifaranga wakianza kuota manyoya ya mabawa, kaka hukaa juu ya kigoda uani akawatazama mmoja mmoja. Aliyerefuka huachwa akue. Aliyebaki nyuma, mwenye miguu myembamba au mwenye kusinziasinzia, huyo huwekwa kando kwa ajili ya sufuria.

"Ukimwacha mnyonge akataga," alikuwa akisema, "umeuharibu ukoo mzima."

Na kweli ukoo ule aliutengeneza. Jogoo wake wa mwanzo alikuwa wa kawaida tu. Baada ya miaka, watu walitoka mpaka kusini ya kisiwa kuja kununua mayai ya kuatamisha. Sikuona ubaya wowote katika kazi ile. Wale wanyonge nami niliwala, kwa mchuzi wa nazi.

Niliolewa mjini Unguja. Mume wangu ni mchukuzi wa mizigo bandarini Malindi. Babu zake walikuja kutoka bara. Tulipanga vyumba viwili juu katika nyumba ya mawe si mbali na lango la bandari, na hapo ndipo alipozaliwa mtoto wetu wa kwanza, wa kike. Alikuwa hajatimiza mwaka vidole vyake vilipovimba vikawa kama ndizi za kisukari. Ukimgusa mkono, analia mpaka sauti inakatika. Majirani walisema jicho. Mmoja akasema nimemlaza vibaya. Nilimkanda kwa maji ya vuguvugu, nikamsomea, uvimbe ukapungua, kisha ukarudi miguuni.

Hospitali tulimkuta daktari wa kike, mtu wa maneno machache. Alichukua damu ya mtoto, na tuliporudi akatuambia tukae sote wawili.

"Mtoto ana selimundu," alisema. "Chembe zake za damu zinajikunja kama mundu. Zikijikunja zinakwama njiani, na pale zinapokwama ndipo anapoumwa."

Mume wangu akasema haraka, "Kwetu hakuna ugonjwa huo."

"Kwenu hakuna mgonjwa," daktari akamjibu. "Hilo ni jambo jengine."

Alitupima nasi. Kila mtu, alituambia, ana mbegu mbili za damu, moja ya baba na moja ya mama. Mimi yangu moja ilikuwa nzima na moja ina kasoro, na mume wangu hivyo hivyo. Mwenye nusu haumwi. Lakini mtoto wetu alikuwa amechukua kasoro ya huku na kasoro ya huku. Mume wangu alikuwa ameinamia viganja vyake, viganja vigumu vya kubebea magunia, anavitazama kama vya mtu mwengine. Tulirudi nyumbani kwa miguu, na kwa siku nyingi hatukutazamana vizuri, kila mmoja akijiona yeye ndiye aliyeileta.

Mtoto alikua kwa vipindi. Kuna miezi alikuwa akiruka kamba na wenzake uchochoroni, na kuna siku, hasa upepo wa baridi ukianza, alikuwa hawezi kushuka ngazi. Alijifunza kulia bila ya sauti, kwa sababu kilio chenyewe kilimuumiza kifua.

Alichokipenda kuliko vyote ni kwenda Mkokotoni kwa mjomba wake. Alikuwa akikaa uani na vifaranga mapajani, akiwapa majina kisha akiyasahau. Alikuwa na umri wa miaka minane hivi tulipokwenda Iddi ya pili. Usiku uliotangulia miguu ilikuwa imemuuma, kwa hiyo alikaa baraza ya uani ameinyoosha juu ya mto. Kaka alikuwa uani na vifaranga wake, anachagua. Alimshika mmoja mdogo, akampima kwa mkono, akamtia katika tundu la pembeni peke yake.

"Mbona umemtenga huyo, mjomba?" mtoto akauliza.

"Huyu hana maisha. Miguu haina nguvu." Kaka hakuinua kichwa. "Mbegu mbovu haiachwi, mwanangu."

Mtoto aliitazama miguu yake juu ya mto.

"Na mimi je, mjomba?"

Nilikuwa nimesimama mlangoni na sinia la pilau. Nilimwona kaka mkono umemganda juu ya tundu. Nilisubiri aseme neno, lolote lile, hata la mzaha. Akasimama, akajipangusa mikono kwenye kikoi.

"Nnakwenda msikitini," akasema, na adhuhuri ilikuwa haijaadhiniwa.

Niliweka sinia chini. Nilimvisha mtoto viatu, nikamwinua, tukatoka bila ya kula. Njia nzima hakuuliza tena. Baada ya siku ile sikukanyaga Mkokotoni kwa muda mrefu. Kaka akipiga simu namjibu kwa ufupi: tupo, wazima, haya.

Masika yaliyofuata mtoto alizidiwa. Macho yalikuwa manjano, pumzi fupi, damu imemwishia. Alilazwa, akaongezewa damu, na nikawa nakaa kando ya kitanda nikihesabu pumzi zake mpaka nachoka kuhesabu. Asubuhi moja yule daktari alipopita nikamshika koti.

"Daktari, hebu niambie. Kaka yangu anafuga kuku. Mbegu ikiwa mbovu anaichinja, na baada ya muda haionekani tena. Hii yetu inaua watoto tangu enzi za mababu. Mbona haikwisha?"

Alinitazama, kisha akavuta kiti.

"Wewe utotoni ulipata malaria?"

"Nani asiyepata? Wakati wetu?"

"Ilikuangusha?"

Nikafikiri. Homa, kichwa, vidonge vichungu, baada ya siku chache niko nje nacheza. "Mimi hapana," nikasema. "Mdogo wangu."

Nikamweleza, jambo ambalo nilikuwa sijamweleza mtu kwa miaka. Nilikuwa na mdogo wangu wa kiume tuliyelala kitanda kimoja. Alikuwa mnene, mwenye nguvu, anayenipiga mieleka ingawa mimi ndiye mkubwa. Mbu waliomuuma yeye ndio walioniuma mimi. Homa ilimpanda jioni, kabla ya alfajiri akaingia degedege, na kaka akambeba mgongoni kumkimbiza hospitali. Alifia njiani, na kaka hakujua. Alifika naye akiwa bado anamwambia ashike shingo vizuri.

Daktari alinyoosha mpira wa damu wa mtoto. "Damu yake hatuwezi kuijua sasa," alisema. "Lakini huenda ilikuwa nzima."

Akanieleza polepole. Mdudu wa malaria anaishi ndani ya chembe za damu. Katika damu nzima anastawi. Katika damu ya nusu, kama yangu, hapati makao mazuri, kwa hiyo mtoto anaumwa lakini mara nyingi hafi. Basi katika pwani hizi, kizazi baada ya kizazi, homa ilikuwa ikipita katika kila nyumba, ikiwachukua zaidi wale wenye damu nzima. Wa nusu wakabaki, wakakua, wakazaa. Hakuna mtu aliyekaa juu ya kigoda akachagua. Homa ndiyo iliyokuwa ikichagua, nayo haikuwa na nia yoyote.

"Na wanaozaliwa na kasoro mbili?" nikauliza, ingawa jibu lilikuwa limelala mbele yangu na mpira wa damu mkononi.

"Hao ndio waliolipa," alisema.

Siku hizi Unguja malaria imekuwa adimu. Nyumba zilipigwa dawa, vyandarua vikagawiwa, na wapo vijana wasioijua homa ile. Lakini damu haijapata habari. Bado inatulinda na adui aliyekwisha ondoka.

Sikufarijika. Watu hudhani ukijua sababu mzigo unapungua. Mimi nilikaa pale nikimtazama mwanangu, nikajua kwamba kile kilichonibakisha hai kitandani kwetu Mkokotoni, huku mdogo wangu akiondoka amebebwa mgongoni na kaka, ndicho kile kile kilichokuwa kikimvunja mwanangu. Nilishukuru na kuchukia kwa wakati mmoja, na sikujua nimshukuru nani wala nimchukie nani.

Mtoto alipona, tukarudi nyumbani. Haukupita muda kaka akapiga simu. Safari hii hakusalimu. "Kuku wananifia," alisema, na sauti yake ikanifanya nifunge mlango niende.

Nilimkuta uani. Ulikuwa mdondo. Wale majogoo warefu walikuwa wamelala kila upande, shingo zimepinda kinyumenyume, na yeye alikuwa anachimba shimo la kuwazika.

"Shikamoo kaka."

"Marahaba." Akaegemea jembe. "Sikuwatia matone ya chanjo. Nilijisemea hawa nimewachagua mwenyewe, ukoo wangu una nguvu."

Waliobaki hai walikuwa wachache, na walikuwa kichekesho: mtetea mfupi wa madoadoa, kishingo mmoja asiye na manyoya shingoni, na vifaranga wao. Walikuwa wanaparura kando ya shimo kama hakuna lililotokea.

"Hawa nlikuwa nawaweka kwa ajili ya sufuria," alisema. "Mdondo haukutazama urefu."

Nilichukua beleshi nikamsaidia kufukia. Tulipomaliza tukakaa barazani, na hapo nikamweleza yote aliyoniambia daktari. Alisikiliza ameinama. Nilipofika kwa mdogo wetu aliinua kichwa.

"Kwa hiyo yeye damu yake ilikuwa nzima."

"Huenda."

"Nzima. Na ndiyo iliyomuua."

Alilia, kaka yangu, mtu mzima mwenye mvi, mikono imejaa udongo. Nadhani alikuwa hajamlilia mdogo wetu tangu siku ile aliyomteremsha mgongoni.

Wiki ile alikuja mjini kutoa damu, kwa kuwa nilimwambia mtoto atahitaji tena. Alitaka apimwe naye kama ana nusu. Hakuwa nayo, yake ilikuwa nzima. Alitoka na pamba mkononi akaniambia, "Basi mimi nilipona kwa kudra tu." Kisha akapanda ngazi mpaka kwetu, akakaa chini sakafuni kando ya mtoto.

"Siku ile uliniuliza neno, sikukujibu."

"Nakumbuka," mtoto akasema.

"Damu yako wewe," alisema, akasita. "Damu hiyo ndiyo iliyonibakishia mama yako."

Mtoto alifikiri. "Lakini mimi inaniuma, mjomba."

"Najua."

"Sana."

"Najua, mwanangu."

Akaivuta miguu ya mtoto akaiweka mapajani mwake.

Binti yangu sasa ni mtu mzima. Kuna vidonge ambavyo zamani havikuwapo, na anavimeza kila siku. Vipindi vya maumivu vimepungua ingawa havijamwacha. Anashona nguo za harusi katika duka la mtaa wa pili. Mwaka jana kijana mmoja mwenye heshima zake alitaka kumposa. Kabla wazee hawajaja, binti yangu alimweleza hali yake akamwomba akapime damu. Kijana akaenda bila ya ubishi. Alikuwa na nusu.

Nyumba ilizungumza sana siku zile. Mume wangu alisema Mungu ndiye mpaji, na wapo waliooana hivyo hivyo wakajaaliwa watoto wazima. Shangazi zake walisema tusimharibie mtoto bahati yake. Kaka, aliyekuwa akichagua kuku maisha yake yote, ndiye pekee aliyesema, "Muulizeni mwenyewe."

Mwenyewe alikataa.

"Maumivu yangu nshayazoea, mama," aliniambia. "Kuyatazama kwa mtoto ndiko nsikokuweza. Wewe umewezaje?"

Nikamwambia sikuweza, nilikaa tu.

"Ungejua mwanzo, ungeolewa na baba?"

Swali hilo nilikuwa nimelikimbia kwa zaidi ya miaka kumi na tano. Nikasema, "Ningejua, nisingekuwa na wewe. Na kutokuwa na wewe sijui hata nikufikirie vipi."

"Hilo si jibu, mama."

"Si jibu," nikakubali.

Kijana yule ameoa mwezi uliopita. Walitualika. Nilidhani binti yangu hatakwenda, lakini alikwenda, akavaa vizuri, akampa bibi harusi mkono, akakaa mpaka chakula kikaandaliwa. Kisha alinigusa bega akaniambia miguu imeanza. Tuliaga tukatoka kwa mlango wa uani, taratibu, mkono wake juu ya mkono wangu, na nyumbani nikapasha mafuta nikamkanda magoti mpaka usingizi ukamchukua.