Bakuli la Isombe Lililorudi Limejaa

Nakumbuka mchana mmoja pale Gisimenti, Kigali, nilipomfukuza kazi mpishi asiye na kosa, kisha nikakaa nikala chakula changu kwa raha zote. Naanza na hilo kwa sababu bado linanikasirisha. Tena sitaki udhani, mwanangu, kwamba hasira niliyokuonyesha juzi ilikuwa yako peke yako. Sehemu kubwa ilikuwa yangu mimi.

Juzi ulikaa sebuleni kwangu, simu mkononi, ukanieleza kazi yako mpya ya ofisini kwenye kampuni ya kuwapelekea watu chakula majumbani. Ukasema kampuni yenu haina haja ya kuwauliza wamotari wanataka nini, maana mnaona wenyewe: wakiitwa Jumapili asubuhi, pikipiki zinakuja. Basi wanapenda kazi ya Jumapili. Ukacheka kidogo. Nikakuondolea kikombe cha chai kabla hujamaliza, na mama yako, mdogo wangu, akafikiri nimeanza kuzeeka vibaya. Sijazeeka vibaya. Nilisikia maneno yangu mwenyewe yakitoka kinywani mwako, na yalinuka.

Tulikuwa tumerudi Rwanda kutoka ukimbizini Karagwe miaka michache tu. Sikuwa nimefika thelathini, nina cheti cha uchumi, na Kiswahili changu cha Tanzania kiliwafanya watu wanidhanie nimesoma kuliko nilivyosoma. Mwalimu wetu alikuwa ametufundisha jambo moja nililolipenda kuliko mengine yote: mtu ukimuuliza anapenda nini anaweza kukudanganya, lakini mwangalie anachochagua, mkono wake utakwambia. Si uongo huo. Ni nusu ya ukweli, na nusu ya ukweli mikononi mwa kijana mwenye cheti inaweza kubomoa nyumba ya mtu.

Nikapewa kusimamia hoteli ya chakula cha mchana, ile ya melanji unayoijua: unalipa mara moja, unashika sahani moja, unapita mezani mara moja, unajipakulia mpaka sahani ikatae. Kurudi mara ya pili ni mwiko. Mgeni akiona milima tunayoijenga kwenye sahani hudhani sisi ni walafi, kumbe wengi wa waliokuja kwetu, mafundi na walinzi na wauza vocha, hicho ndicho kilikuwa chakula chao pekee cha siku nzima.

Isombe ilipikwa na mama mmoja aliyekwisha kula chumvi nyingi, tukimwita Mukecuru Venansiya, yaani Bibi Venansiya. Alitwanga majani ya mihogo mwenyewe, akayachemsha kwa saa nyingi, akatia karanga na mawese, na jikoni hakuna aliyethubutu kugusa chungu chake. Nami kila mchana nilisimama pembeni nikiangalia mikono ya watu, kama nilivyofundishwa. Wali ulikwisha. Viazi vilikwisha. Bakuli la isombe lilirudi jikoni limejaa, leo na kesho na kesho kutwa. Mwenye hoteli aliponiambia nipunguze mpishi mmoja, sikuumiza kichwa. Watu walikuwa wameshaniamulia.

Nikamwita Mukecuru. Nilijiona mtu mwema sana, kwa hiyo nikampa nafasi ya kuchagua: aende, au abaki kuosha sahani kwa mshahara wa chini, na Esperansi, msichana aliyekuwa akiziosha, ndiye aondoke. Alijifuta mikono kwa kitenge chake, polepole, kidole kimoja kimoja. Akasema, "Nta kibazo. Wacha niende." Nta kibazo, hakuna shida. Nawe unajua jinsi watu wetu wanavyoweza kulisema neno hilo huku nyumba inaungua. Lakini mimi nilikuwa na elimu. Nilikwenda kwa mwenye hoteli nikamwambia, "Amechagua mwenyewe." Ndipo nikaketi nikala.

Miezi mitatu ikapita. Halafu akarudi Mzee Haruna, mteja wetu na fundi cherehani wa jirani, aliyekuwa ameenda kwa ndugu zake Kigoma. Mzee huyu babu zake walifika Kigali na misafara ya biashara kutoka pwani, na alikuwa na ulimi wa kupasua kuni. Alifika mwisho wa meza, akatazama, akaniita.

"Binti yangu, isombe iko wapi?"

"Tumeiondoa, mzee. Watu hawaipendi."

"Nani alikwambia?"

"Sahani zao. Hawakuwa wanaichukua."

Akachukua sahani tupu, akaninyooshea. Akasema, "Shika sahani. Ingia laini na watu. Usipite nyuma kama bosi."

Nikaingia, nusu nikicheka. Kwanza wali. Kisha ndizi, viazi, chipsi, makaroni, maharage, kabichi. Nilikuwa na njaa siku hiyo, na nyuma yangu watu walinisukuma wakitaka kuwahi kazini. Nilipofika mwisho, mahali bakuli la isombe lilipokuwa likiwekwa, sahani yangu ilikuwa imejaa hadi kingoni. Hata ningeitaka isombe, mchuzi wake ungenimwagikia mkononi. Mwanangu, meza ile niliipanga mimi. Vyakula vya bei rahisi nilivitanguliza kwa makusudi, watu wajaze sahani navyo. Niliwafunga mikono, halafu nikasimama pembeni nikiisoma mikono hiyo kama kitabu.

Nikajitetea, maana ujinga hauondoki bila kelele. Nikasema anayeipenda isombe angeacha nafasi. Mzee Haruna akacheka bila furaha. "Mwenye njaa anaacha nafasi? Yeye hajui kama mwisho kuna kitu. Mimi niliacha nafasi sababu nakula mara tatu kwa siku. Weye ulihesabu shiba yangu na njaa yao kitu kimoja. Mukecuru alienda wapi?"

Sikujua. Nilimfukuza mtu na sikujua anakaa wapi.

Nilimpata kwenye kilima cha Rebero, katika chumba cha kupanga mteremkoni. Alinipa kiti, akanipa maji, akaniuliza habari za nyumbani, heshima tupu, na kila heshima iliniingia kama mwiba. Nikamwomba arudi kazini. Nikamuuliza, jambo ambalo sikulifanya siku ile, kwa nini alikubali kuondoka.

"Esperansi iko na mtoto ya kunyonya," akasema. "Mimi nikae nioshe sahani, yeye aende wapi?"

"Ungeniambia, Mukecuru."

"Uliniambia nichague. Hukuniuliza kitu ingine."

Nikaona mkeka mmoja umekunjwa ukutani na sare ya shule juu yake. Nikauliza ni ya nani. Ilikuwa ya mjukuu wake, Klaris, aliyekuwa shule ya bweni, kidato cha nne, akilipiwa ada na chungu kile cha isombe. Nilipomfukuza bibi yake, msichana alirudi nyumbani, akakaa wiki mbili, kisha akaenda Nyarutarama, mtaa wa matajiri, kulea watoto wa watu.

"Shuleni waliandika ameacha kwa kupenda kwake," Mukecuru akasema. Sauti yake haikupanda hata kidogo.

Mukecuru alirudi jikoni. Isombe niliiweka mwanzo wa meza, na bakuli lilikuwa likirudi limekwanguliwa. Usinipongeze. Klaris hakurudi shuleni. Nafasi yake ilikuwa imechukuliwa na mwingine, na mshahara wake wa Nyarutarama ulikuwa umeshaanza kulipa pango la Rebero. Leo ni mama mzima, bado anapiga pasi nguo za wengine, na tukikutana njiani ananiinamia kwa adabu kwa sababu nilimrudisha bibi yake kazini. Hajui kwamba mimi ndiye niliyemwandikia lile neno "kwa kupenda kwake" kabla shule haijaliandika. Majuto ni mjukuu, walisema. Wangu ana jina.

Sasa nisikilize, na chai yako nitakurudishia. Sisemi usiangalie watu wanachochagua. Angalia sana, maana midomo nayo hudanganya, hata ya wamotari. Lakini wahenga walisema ukikosa la mama hata la mbwa huamwa, na hakuna hata mmoja wao aliyeongeza kwamba mtoto yule anapenda maziwa ya mbwa. Hilo mmeliongeza ninyi wenye vyeti. Kabla hujasema fulani amependa, uliza aliwekewa nini mbele yake, na nani aliyemwekea, na angepoteza nini kama angekataa. Yule motari wa Jumapili, akikataa wito mmoja, mnamwita tena Jumatatu? Juzi hukunieleza hilo.

Na ukikuta kwamba aliyepanga ni wewe, usithubutu kusema "amechagua mwenyewe." Ni maneno ya mtu anayenawa mikono kwa maji ya mwenzake. Kitanda usichokilalia huwajui kunguni wake. Kalale hapo kwanza. Jumapili hii usiende kanisani na mimi. Panda nyuma ya pikipiki moja, zunguka nayo kutwa, halafu uje uniambie wanapenda nini.

Imana, Mungu wetu, ikupe kazi ndefu na cheo kikubwa, mwanangu, kwa maana sikuombei udogo. Ikupe watu wa kukujibu ukweli, nawe uwe mtu anayeweza kujibiwa. Na siku utakapomuumiza asiye na kosa, kwa sababu siku hiyo itafika, Imana isikuache ule ukashiba.